Gari la Mtu Mwingine: Uhakiki wa Mchezo wa Kushindanisha Motokaa

Mhakiki apimaye kitu kikubwa huambiwa kuwa amejivuna, na apimaye kitu kidogo huambiwa kuwa amewapotezea wasomaji wakati. Leo najitia kwa hiari yangu katika lawama ya pili. Nitakachokipima ni mchezo wa kompyuta uitwao NASCAR Racing 2003 Season, uliotungwa na kampuni ya Papyrus ya Marekani na kutolewa mwaka 2003. Miaka mingi imepita tangu hapo, na michezo mingine yenye picha za kupendeza zaidi imekwisha kuzaliwa. Lakini huu bado wachezwa na watu wasiokubali kuuacha, na mimi niliukuta Tukuyu, nyumbani kwa jamaa zangu, katika kompyuta kuukuu ya mpwa wangu.

Ulikuwa mwezi wa Aprili, wakati ambapo mvua ya Rungwe haimpi mtu ruhusa ya kutoka nje. Kijana alinipa kiti, nami kwa pupa ya mgeni nikaushika usukani. Akanizuia. "Mjomba, usiendeshe kwanza. Ingia gereji." Sikumwelewa. Nilidhani kwamba mchezo wa mashindano ni kuendesha tu, na kwamba mambo ya gereji ni pambo. Kutwa nzima niliyokaa hapo ilinionyesha kuwa nilikosea, na kosa langu ndilo chanzo cha makala haya. Ninalotaka kulisema ni hili: kazi hii hupimwa kwa gereji yake, na wema wake na upungufu wake vyote viwili vimo humo.

Kwanza tuutazame uwanja. Chama cha NASCAR kilianzishwa mwaka 1948, na mashindano yake hufanyika kwa wingi katika viwanja vya umbo la duaradufu, yaani mviringo uliorefushwa, ambamo magari huzunguka yakipinda kushoto tangu mwanzo hata mwisho. Asikiaye habari hii kwa mara ya kwanza hucheka, akauliza kuna ufundi gani katika kupinda upande mmoja. Lakini duaradufu hizo hazifanani. Martinsville ina mzunguko wa maili 0.526, yaani karibu mita 850, na kona zake mbili ni kali, zenye mlalo wa digrii 12. Daytona ina mzunguko wa maili 2.5, yapata kilomita 4, na kona zake zimeinuliwa upande wa nje kwa digrii 31, hata mtu apandaye kwa miguu hupata taabu. Darlington, iliyofunguliwa mwaka 1950, ina umbo la yai, ncha moja nyembamba kuliko ya pili. Husimuliwa kwamba mwenye shamba aliyeuza ardhi ile hakutaka bwawa lake la samaki liguswe, basi wajenzi wakaubana uwanja upande huo. Kwa hiyo katika Darlington gari lipendezalo kona hii huichukia kona ile, na fundi hana budi kuamua ni ipi ataionea huruma.

Sasa tuingie gerejini. Mchezo wamkabidhi mchezaji upepo wa kila tairi, ugumu wa kila springi na wa kila shokapu, kadiri ya kila gurudumu la mbele kuinama, mgawanyo wa uzito, breki, gia, na mengine kadha wa kadha. Kila jambo limeandikwa kwa tarakimu, na kila tarakimu yaweza kupandishwa au kushushwa. Ajabu ya kwanza imwonekanayo mgeni ni kwamba gari hili halilingani pande zake. Linapokata kushoto kwa mwendo mkali, uzito wake hukimbilia kulia, kama abiria wa basi wanavyomlemea mwenzao aliye dirishani. Tairi la mbele la kulia ndilo libebalo taabu kubwa. Basi mafundi huuweka uzito mwingi upande wa kushoto tangu mwanzo. Springi za kulia huzipa ugumu usiolingana na wa kushoto. Na magurudumu yote mawili ya mbele huyainamisha vichwa kuelekea kushoto, kama migomba miwili iliyopigwa na upepo mmoja. Gari kama hilo likiwekwa katika barabara iliyonyooka na usukani ukaachiliwa, litajiendea kushoto lenyewe. Kwa macho ya fundi wa kawaida ni gari bovu. Kwa njia yake ni gari kamili.

Katika hili mchezo una fundisho la kwanza kwa mwanafunzi wa fasihi. Twapenda mno kuhukumu sehemu ya kazi peke yake: beti hili ni zuri, sura ile ni ndefu, mhusika fulani hana tabia ya kutosha. Gerejini hukumu ya namna hiyo haina maana. Springi haiwi nzuri wala mbaya mpaka ijulikane imefungwa na nini, na kwa kona gani. Ukiikaza springi ya mbele ya kulia, gari huzidi kugoma kukata kona, pua yake ikaelekea ukutani. Ukiikaza ya nyuma ya kulia, huanza kurusha mkia. Ukiongeza uzito unaobebwa na gurudumu la mbele la kulia pamoja na la nyuma la kushoto, ambayo ni magurudumu yaliyokabiliana kwa mshazari, linagoma tena, ijapokuwa springi hukuzigusa. Isitoshe, mpangilio uliopendeza katika mzunguko wa kwanza waweza kuchukiza katika wa arobaini, maana petroli imepungua katika tangi lililo nyuma na matairi yamelika. Ni kama utenzi: vina vyake havitungwi kwa beti la kwanza tu, hutungwa ili vidumu mpaka kaditamati.

Huenda msomaji akasema kwamba huu ni mchezo tu, na kwamba nimeutwika mzigo usiouweza. Nitamjibu kwa mambo yaliyotokea. Dereva William Byron wa Marekani alianza kujifunza mashindano katika mchezo wa kompyuta uitwao iRacing, ulioanzishwa mwaka 2008 na Dave Kaemmer, mmoja wa waasisi wa Papyrus, pamoja na John Henry; ndipo baadaye akakaa katika gari la chuma. Byron huyo alishinda mbio kuu za Daytona mwaka 2024, akazishinda tena mwaka 2025. Mchezo ambao mtu aweza kutoka ndani yake akiwa na ujuzi wa kweli wastahili uhakiki wa kweli.

Nageukia upungufu. Mchezo huu huja na mipangilio iliyokwisha kutayarishwa, na wachezaji wa dunia nzima wamezoea kupeana mipangilio yao. Mgeni huchukua ya bingwa, akaitia katika gari lake, akaondoka. Nami nilifanya hivyo. Mpwa wangu alikuwa na mpangilio wa Martinsville, kazi ya dereva mwepesi asiyemjua hata kwa sura; nikautwaa. Mzunguko wa kwanza nilijiona mtu. Wa pili nilianza kutoka jasho. Katika wa tatu mkia ulinipita, nikajikuta nimeelekea nilikotoka. Kijana alicheka kwa adabu, akasema: "Mjomba, hilo ni gari la mtu mwingine."

Neno hilo limenikaa moyoni kuliko yote niliyoyaona siku ile. Bingwa yule alikuwa akiachia breki mapema na kuuzungusha usukani taratibu. Gari legevu lilimfaa, kwa kuwa mkono wake ulijua kulituliza. Mimi niliyekanyaga breki kama mwenye deni nilihitaji gari gumu zaidi. Tarakimu zake zilikuwa sahihi, wala sikukosea kuzinakili. Nilichokosa ni sababu zake, na sababu hazikuandikwa popote. Gereji ya mchezo huu huonyesha kila kipimo, lakini haimwambii mchezaji kwa nini. Tarakimu hunakiliwa bila lugha. Sababu haziwezi kupita pasipo lugha. Hapo ndipo palipo na kosa la kazi hii, na hapo ndipo jambo lenyewe linapotugusa sisi.

Haki, hata hivyo, hudai tuseme kwamba mlango umeachwa wazi kwa ajili ya asomaye. Gari lirudipo gerejini, mchezo huonyesha joto la kila tairi katika mahali patatu: ukingo wa ndani, katikati, na ukingo wa nje. Katikati kukiwa na moto kupita kingo, upepo umezidi. Kingo zikiwa na moto kupita katikati, upepo umepungua. Na katika tairi la mbele la kulia, ukingo wa nje ukiungua zaidi ya wa ndani, gurudumu halijainamishwa vya kutosha. Tairi lasema lenyewe. Kazi ya mchezaji ni kusikiliza na kutafsiri. Mtu apitaye mbio kwenda kutafuta mpangilio wa bingwa hasomi habari hizo, kama vile mwanafunzi atafutaye maelezo ya mhakiki kabla ya kuifungua riwaya asivyopata kuisikia riwaya.

Mpwa wangu alikuwa na daftari. Alinionyesha kwa haya kidogo, akidhani kuwa mtu wa chuo atalidharau. Kila alipobadili jambo moja gerejini, naye hakubadili zaidi ya moja kwa mara moja, aliandika alichokifanya, alichokiona, na alichokidhani kuwa sababu. Ukurasa mmoja ulisomeka hivi: "Springi nyuma kulia nimelegeza. Mkia umetulia. Tairi mbele kulia limezidi moto. Sababu: sasa pua inagoma, tairi linasuguliwa." Sijasoma karibuni uhakiki ulio mfupi na wa haki kama huo. Una tendo, una matokeo, una hoja, na hoja yenyewe yaweza kupingwa na mtu mwingine mwenye ushahidi.

Nilimwuliza maneno hayo ameyapata wapi, maana mchezo wote ni wa Kiingereza. Alisema kwamba mwanzoni alikuwa akiyatazama maneno ya gerejini bila kuyaelewa, mpaka alipokwenda kwa fundi mmoja wa pale mjini na kumwuliza habari za springi. Fundi yule hana habari ya NASCAR. Kazi yake ni kurekebisha pikapu na malori yanayobeba ndizi, viazi, parachichi na chai kutoka milimani. Alimweleza kijana kwamba wenye magari humtaka aongeze vipande vya springi za nyuma ili gari lisikae chini likijaa mzigo. Naye huongeza, lakini huwaonya kwamba likirudi tupu katika barabara yenye maji, litarusha mkia. Kijana alikimbia nyumbani akalijaribu neno hilo katika mchezo: akazikaza springi za nyuma, na gari likarusha mkia. Basi fizikia ya Martinsville aliifahamu kwa ndizi za Rungwe.

Aliponisimulia hayo nilikumbuka kisa kilichotokea siku ya mashindano ya kwanza kabisa ya NASCAR kwa magari ya kawaida ya dukani, yaliyofanyika Charlotte, Marekani, tarehe 19 Juni 1949. Sharti lilikuwa kwamba gari liwe kama lilivyouzwa. Glenn Dunaway alimaliza wa kwanza katika Ford ya mwaka 1947. Wakaguzi walipolichungulia gari chini, waliona springi za nyuma zimekazwa, kwa namna waliyoitumia wachukuzi wa pombe ya magendo ili gari lililoshiba mzigo lisikae chini na kuwafumbua macho askari. Dunaway alifutiwa ushindi, akapewa Jim Roper. Mwenye gari alikwenda mahakamani akashindwa. Kwa hiyo mchezo mkubwa wa Marekani ulianza na hoja ya springi za mzigo, hoja ile ile anayoijua fundi wa Tukuyu.

Kisa cha pili ni cha mwaka uliofuata. Tarehe 4 Septemba 1950 magari 75 yalianza mbio za maili 500 katika uwanja mpya wa Darlington. Mshindi alikuwa Johnny Mantz, katika Plymouth ambayo ilikuwa miongoni mwa magari ya mwendo mdogo. Wenye magari ya kasi walipasukiwa matairi moja baada ya jingine. Mantz, inasimuliwa, alikuwa amevaa matairi magumu ya lori, akaendelea polepole kwa zaidi ya saa sita mpaka akawaacha wote. Lau mtu angezinakili tarakimu za gari lake bila sababu, angesema kuwa siri ya ushindi ni kwenda polepole. Mwenye kushika sababu atasema kuwa Mantz aliusoma uwanja kabla ya wenzake.

Liko pingamizi moja zito nisilotaka kulikwepa. Mtu wa Rungwe aweza kusema: gari lililopindwa kwa ajili ya kona ya kushoto lina faida gani kwetu? Duara tunalolijua sisi ni la midomo ya volkano, kama Ziwa Masoko. Barabara zetu hazizunguki. Itokayo Uyole hupita Kiwira mpaka Tukuyu, mji ulio yapata mita 1,500 juu ya usawa wa bahari, kisha huteremka hata nchi tambarare ya Kyela karibu na Ziwa Nyasa, ambalo liko chini ya mita 500. Katika mteremko huo kuna kona za kushoto na za kulia, jua na ukungu, lami kavu na lami yenye matope, gari tupu na gari lililofurika. Hakuna awezaye kulipinda gari lake kwa kona moja. Na Afrika Mashariki ilitunga mashindano yake kwa mfano wa barabara za namna hiyo: Safari, iliyoanza mwaka 1953 na kupita Kenya, Uganda na Tanganyika, kwa magari yale yale ya dukani. Joginder Singh, aliyeishinda mwaka 1965 katika Volvo pamoja na nduguye Jaswant, alikuwa fundi kabla ya kuwa bingwa. Gari lake halikuruhusiwa kuchagua kona. Leo Safari nayo imekwisha kuingia katika michezo ya kompyuta, mathalan WRC 9 ya mwaka 2020.

Pingamizi hili lina ukweli, nami nalikubali kwa sehemu. Duaradufu yamnyima mchezaji namna moja ya hekima, ile ya kuvumilia mambo usiyoyatazamia. Humo gerejini hamna mzigo wa mtu, wala abiria, wala fundi anayedai malipo. Tairi lipasukalo halimgharimu mtu hata senti, na hilo huwafanya wachezaji wawe wakarimu mno kwa makosa yao. Lakini kila kazi hupimwa kwanza kwa sheria iliyoikubali. Shairi la mizani kumi na sita halilaumiwi kwa kuwa halikuwa utenzi. Sheikh Amri Abedi, alipotoa mwaka 1954 kitabu chake cha sheria za kutunga mashairi, aliwapa watunzi kipimo. Mtu akihesabu mizani kwa vidole bila kujua kipimo kile chafanya kazi gani sikioni, kosa si la kipimo. Ufinyu wa duaradufu ndio unaoidhihirisha sababu: kona ikiwa ni ile ile, na saa ikiwa ni ile ile, lililobadilika ni moja tu, na mtu aweza kuliona. Katika mteremko wa Kyela mambo kumi hubadilika pamoja, na ni mzoefu tu awezaye kuyatenga. Mwanafunzi ana haki ya kuanza mahali ambapo kosa lake huonekana.

Basi hukumu yangu ni hii. NASCAR Racing 2003 Season ni kazi njema, yenye gereji ya kweli na ulimi mfupi. Imejengwa kwa uaminifu kiasi kwamba sababu zote zimo ndani yake, lakini imemwachia mchezaji kazi ya kuzisema. Wengi hawazisemi, hunakili. Mpwa wangu amezisema, na amezisema kwa Kiswahili kilichokopwa kwa fundi mwenye mikono ya grisi. Wako wanaodai kwamba lugha yetu haijawa tayari kwa mambo ya mitambo, mpaka kamati iketi na kuyatangaza maneno. Kamati na zikae, kazi yao ni njema. Lakini zipitie kwanza gerejini, kwa maana huko tayari mna watu wanaoeleza kwa maneno yao kwa nini gari hugoma na kwa nini hurusha mkia.

Na sisi tuandikao katika kurasa kama hizi tuna daftari letu la kulichunguza. Mara ngapi tumeandika kwamba riwaya fulani ina dhamira nzito na lugha ya mvuto, kwa sababu hivyo ndivyo alivyoandika aliyetutangulia? Hukumu hiyo yaweza kuwa sahihi kama tarakimu za bingwa wa Martinsville. Lakini atakapotokea mwanafunzi akatuuliza kwa nini, ndipo itakapojulikana kama gari lile ni letu, au ni la mtu mwingine.